Usiangalie mpira kwenye simu unayouzia

Wajasiriamali wenzangu, leo naomba tuongee mpira. Usipite kwanza, ni biashara hii hii.

Kila ligi ikianza naona somo lile lile kwenye kurasa zetu: mfanyabiashara makini haangalii mpira, mpira ni wa wasio na kazi, dakika 90 zako ungezitumia kutafuta wateja. Mimi sikubaliani. Naangalia mpira na nitaendelea kuangalia. Mtu anayeamka saa 11 alfajiri kuwahi basi la mizigo ana haki ya kufurahi na timu yake jioni. Shida yangu ni NJIA tunayotumia kuangalia, kwa sababu kuna njia moja iliyonifilisi wiki nzima, na naona wengi wenu bado mnaitumia.

Nianze na yaliyonikuta.

Alhamisi ya tarehe 7 Novemba 2024, Tabora United walikuwa Dar, Azam Complex kule Chamazi, wanacheza na Yanga, mabingwa watetezi. Huku kwetu Tabora hata sisi mashabiki tulikuwa tunaomba tu tusifungwe nyingi. Mimi nilikuwa dukani nafunga asali za kwenda na basi la asubuhi. King'amuzi sina, kibandani siwezi kwenda kwa sababu mzigo haujaisha. Kwenye grupu moja la mashabiki mtu akarusha linki, "angalia laivu bure". Nikabonyeza. Kwa simu ile ile ninayopokelea oda.

Ukurasa ukafunguka, picha ya uwanja inaonekana kwa nyuma imefifia. Ukaniomba namba ya simu, nikaweka. Ikaingia meseji yenye tarakimu 6, ukurasa ukasema ziweke hapa uthibitishwe. Ile meseji ilikuwa imeandika wazi kabisa kwamba usimpe mtu yeyote hizi namba. Nimekuja kuisoma baadaye. Wakati ule majirani walikuwa wanapiga kelele, tumefunga, na mimi nataka kuona. Nikaziweka.

Mpira sikuuona. Dakika chache baadaye WhatsApp yangu ya biashara ikanitoa. Nikadhani ni mtandao, nikaendelea kufunga asali. Mechi ikaisha, Tabora United 3, Yanga 1. Bodaboda zinapiga honi mtaani, watu wanakumbatiana, na mimi nacheka nao. Kumbe muda huo huo mwizi yuko ndani ya WhatsApp yangu, ana jina langu, ana picha ya chupa zangu za asali, anawaandikia wateja wangu: "Habari, leo kuna ofa, ila namba ya malipo imebadilika, tuma huku."

Asubuhi yake nikapigiwa simu ya kawaida na mama mmoja wa Dodoma, mteja wangu wa muda mrefu. "Dada wa asali, nimeshatuma ile 85,000 tangu jana, mbona kimya?" Nikaishiwa nguvu. Nikakaa chini pale pale kwenye ndoo.

Nilisajili WhatsApp upya kwa namba yangu na yule mwizi akatoka. Lakini alikuwa ameshaweka namba yake ya siri ya hatua ya pili, kwa hiyo na mimi sikuweza kuingia mpaka siku 7 zipite. Siku 7 duka la mtandaoni limefungwa. Yule mama nilimtumia asali yake yote bila kumdai hata mia, kwa sababu yeye aliniamini mimi, hakumwamini mwizi. Wateja wengine wawili sijawasikia tena mpaka leo.

Sasa nisikilizeni. Hilo kosa ni langu, simlaumu mtu. Ila limenifundisha kwamba kwa sisi tunaouza mtandaoni, simu ni duka. Ndani yake kuna wateja, kuna pesa, kuna jina letu. Hivi kweli mwenye duka la mtaani angeacha mlango wazi na droo ya pesa wazi, aende kuchungulia mpira kwa jirani? Ndicho tunachokifanya tukibonyeza zile linki.

Na kuna jambo la pili kuhusu linki za wizi ambalo hatupendi kuliongea. Sisi ndio wa kwanza kulalamika mtu akichukua picha za bidhaa zetu, akakata jina letu na kuuzia kwake. Tunamuita mwizi, tunampiga picha ya skrini, tunamuanika. Sasa Azam Media walisaini mwaka 2021 kulipa shilingi bilioni 225.6 kwa miaka 10 ili waonyeshe ligi yetu. Fedha za haki za matangazo ndizo zinazosaidia timu ndogo kusafiri na kulipa wachezaji, timu kama hii yetu ya Tabora. Mtu anayerusha mechi hiyo kwa linki ya uchochoroni ana tofauti gani na yule anayeiba picha yako ya kitenge? Ukimpa watazamaji, unaipunguzia timu yako mwenyewe. Mimi nimeamua kuliona hivyo, hata kama bando langu linaruhusu.

Basi tuangalieje? Nawapa maoni yangu baada ya kujaribu karibu zote.

REDIO. Kwa muuzaji aliye kazini, mimi naiweka namba moja. Mtacheka, mtasema ni ya wazee. Lakini fikiria: mikono yako iko huru, unafunga mzigo, unapima, unaandika majina ya wateja kwenye boksi, na mechi unaifuata. TBC Taifa hutangaza mechi kubwa, na watangazaji wetu wa mpira wanajua kukuonyesha uwanja kwa mdomo. Kiredio kidogo cha betri hakili bando wala hakizuii simu ya mteja kuingia. Siku ya mechi ile ningekuwa na redio, ningesikia mabao yote na kesho yake ningefungua duka kama kawaida.

UWANJANI. Timu ikiwa nyumbani, Uwanja wa Ali Hassan Mwinyi uko hapa hapa mjini. Nenda. Lipa kiingilio, kaa na watu. Mpira wa uwanjani hauna bando, hauna kukatakata. Tena huko nimepata wateja kuliko tangazo lolote nililowahi kulipia, maana watu wanakaa pamoja saa mbili wanaongea. Siku hizi timu inaitwa TRA United, na najua wafanyabiashara wenzangu mna utani wenu kuhusu kuwashangilia watoza kodi. Utani ruksa, ila timu ni ya mji wetu. Kabla ya kwenda weka stetasi: "Niko uwanjani, oda zote nitazijibu saa 1 jioni." Halafu saa 1 ijibu kweli.

KIBANDA UMIZA. Kwetu mechi ya kawaida nimezoea kulipa 500, derby ya Simba na Yanga 1,000. Ni rahisi na kuna raha yake, hakuna mtu anashangilia peke yake. Lakini kelele ni nyingi, simu ya mteja huisikii, na kwenye msukumano wa bao simu inaweza kuondoka mfukoni usijue. Kwa sisi wanawake mechi za usiku zina mtihani mwingine, kurudi nyumbani saa 4 usiku peke yako. Mimi naenda za mchana tu, tena na wenzangu, na simu ya biashara inabaki nyumbani kwa mdogo wangu.

KING'AMUZI CHA KUCHANGA. Hii ndiyo ninayoifanya sasa. Tuko majirani watatu: mimi, fundi cherehani, na kaka wa vifaa vya simu. Tunachangia kifurushi cha mwezi cha mechi za ligi, tunaangalia kwa fundi kwa sababu yeye ndiye mwenye TV. Ukigawa kwa watu watatu ni pesa ndogo kuliko kwenda kibandani kila wiki. Angalizo: kifurushi cha nyumbani ni cha nyumbani. Ukianza kuweka mabenchi na kutoza kiingilio, hapo umeanzisha biashara nyingine, na ina taratibu zake. Ulizia kwanza.

PROGRAMU HALALI YA SIMU. Azam wana yao ya AzamTV Max, wengine wana zao. Ni njia nzuri kama uko safarini, lakini piga hesabu. Video ya ubora wa kawaida inakula karibu GB 1 kwa saa, kwa hiyo mechi nzima pamoja na mapumziko inakaribia GB 2. Hilo bando ungelitumia kupandisha picha za bidhaa siku kadhaa. Na betri nayo? Mechi ikiisha simu iko asilimia 8, umeme umekatika, mteja wa Mwanza anataka kulipia. Ukitumia njia hii, tumia simu nyingine, hata kuukuu ya kuazima. Simu ya duka iache ifanye kazi ya duka.

LINKI ZA BURE. Hapana. Nimeshamaliza.

Kuna mwenzetu atasema, "Mimi sina hela ya simu mbili, hiyo moja nimeipata kwa mkopo." Nakuelewa, mimi mwenyewe nilianza hivyo. Basi wewe redio inakufaa zaidi kuliko wote. Na leo hii, kabla hujalala, ingia kwenye mipangilio ya WhatsApp, sehemu ya akaunti, weka uthibitishaji wa hatua mbili. Ni namba yako ya siri ya tarakimu 6 unayoichagua mwenyewe. Ningekuwa nayo siku ile, mwizi angepata zile tarakimu za meseji na bado mlango usingefunguka. Ni bure, na haikuchukui hata dakika 2.

Mwingine ataniambia, "Dada, mechi zenyewe ni saa 1 usiku, na hapo ndipo wateja wanapochati." Ni kweli, na hapa ndipo penye uzito. Mji wetu ulikua kwa sababu ya njia. Misafara ilitoka Bagamoyo, ikafika Tabora, na hapa njia ikagawanyika, wengine wakaenda Ujiji, wengine wakapanda kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda. Mwenye chakula cha kuuza alipaswa awepo msafara unapofika. Asipokuwepo, watu walinunua kwa jirani yake na kuendelea na safari. Msafara wa leo unapita kwenye simu yako kila siku kuanzia saa 1 mpaka saa 4 usiku, watu wametoka kazini, wamekula, wanaperuzi. Hawakusubiri.

Ndiyo maana sisemi uache mpira, nasema uupangie. Mimi ratiba ya mwezi mzima naibandika ukutani. Siku ya mechi ninayoitaka, oda za basi la asubuhi nafunga kupokea saa 11 jioni, na wateja wanajua. Naweka bei zote kwenye katalogi ya WhatsApp ili mtu asisubiri kuniuliza "bei gani?" Wakati wa mapumziko nina dakika 15, najibu wote. Mechi ikiisha najibu tena. Wateja wengi ukiwaambia ukweli kwamba unaangalia mpira, wanakuuliza matokeo. Wanachochukia ni kimya.

Juzi yule mama wa Dodoma kaagiza tena, lita 3. Safari hii alinipigia kwanza, akataka kusikia sauti yangu ndipo atume pesa. Huwa anafanya hivyo kila mara sasa, na mimi napokea kila mara, hata mpira ukiwa kwenye penalti. Imani yake niliipoteza kwa linki moja, naijenga simu kwa simu.

Haya, na wewe tuambie hapo chini: unaangaliaje timu yako bila kufunga duka? Na kama umewahi kubonyeza linki ya bure, usione aibu kusema. Kuna mwenzako leo jioni anataka kubonyeza.