TAHARIRI: Msikiti mmoja, kamati mbili, kesi haiishi

KAMA kuna kesi zinazowachosha waumini wa nchi hii, ni hizi za kugombania uongozi wa msikiti. Kamati ya zamani inasema muda wake haujaisha. Waumini nao wanasema wamekwishachagua nyingine baada ya swala ya Ijumaa. Funguo zinagombewa, sanduku la sadaka linagombewa, na kodi ya maduka yaliyo ubavuni mwa msikiti (hapo ndipo penye utamu wenyewe) inagombewa zaidi. Mwisho wake FFU wanapangwa mlangoni na virungu, na wazee wetu wanaingia kuswali kama wanaoingia gereza la Ukonga.

Kinachofuata ni mahakamani, na huko ndugu msomaji ndiko danadana inakoanzia.

Huku Bara mali ya msikiti hushikwa na bodi ya wadhamini iliyosajiliwa chini ya Sheria ya Muunganisho wa Wadhamini, Sura ya 318. Bodi ndiyo yenye haki ya kushitaki na kushitakiwa. Sasa pande zote mbili zikijiita bodi, nani anamshitaki nani? Waumini wa kawaida wakijitosa wenyewe, wakili wa upande wa pili anasimama na pingamizi la awali: hawa ni akina nani, mbona hawakuomba ruhusa ya kuwawakilisha wenzao? Kesi inatupwa kabla hata shahidi mmoja hajafungua mdomo. Wanaanza upya, na kodi ya maduka inaendelea kuliwa.

Hayo yanafanyika wakati Ibara ya 107A ya Katiba inazitaka mahakama zisifungwe kupita kiasi na mambo ya kiufundi yanayokwamisha haki. Bunge nalo lilirekebisha sheria mwaka 2018 kwa shabaha hiyo hiyo.

Hatumwombi hakimu atuchagulie imamu. Ibara ya 19 imeweka uendeshaji wa jumuiya za dini nje ya mamlaka ya nchi, na ibaki hivyo. Lakini katiba ya msikiti, daftari la wadhamini na hesabu za benki ni karatasi. Hakimu anaweza kuzisoma hata kama yeye ni Mkatoliki.

Tatizo ni kwamba daftari hilo liko serikalini, kwa Kabidhi Wasii Mkuu, pale RITA. Waislamu wengi hawajasahau mwaka 1968, EAMWS ilipopigwa marufuku na BAKWATA ikazaliwa mwaka huo huo. Kwa hiyo anayeshindwa kesi kwa sababu ya majina ya daftarini haamini kuwa ameshindwa kwa sheria. Anaamini serikali ya CCM imewapa wenzake msikiti.

Asidhani mtu kuwa hili ni jambo dogo. Uganda, ugomvi wa nani awe Mufti ulifika hadi Mahakama ya juu kabisa. Hukumu ilitoka, na Machi 1991 vijana wasioikubali wakavamia makao makuu ya Baraza Kuu la Waislamu pale Old Kampala. Polisi waliuawa. Mmoja wa waliowekwa ndani, Jamil Mukulu, baadaye aliongoza waasi wa ADF, ambao wameua watu wengi Uganda na Kongo. Alikamatwa hapa hapa Tanzania mwaka 2015. Hatusemi mahakama ndiyo iliyomzaa Mukulu. Tunasema hukumu isiyoaminiwa haifungi ugomvi, hata ikigongwa mihuri kumi.

Basi kesi hizi zipewe tarehe za karibu na zisikilizwe kwa hoja zake. Wakati zinaendelea, mahakama iteue msimamizi wa muda wa kukusanya kodi na sadaka, pande zote mbili zikae pembeni. Ikibidi iamuru uchaguzi kwa kufuata katiba ya msikiti wenyewe.

Na RITA ibandike majina ya wadhamini wa kila msikiti, pamoja na tarehe waliyosajiliwa, kwenye ubao wa msikiti huo, pale ambapo anayetoa mia tano yake kila Ijumaa atayasoma.