Filamu ya Katuba isikike kwa gitaa la Katanga

Kijana wa Katuba anayetaka kutengeneza filamu huhangaikia kwanza kamera. Muziki huachwa mwisho, na mara nyingi hutiwa wowote uliomo kwenye simu. Hapo ndipo filamu inapopoteza watu.

Huko Marekani, sinema ilipoanza kusema mwaka 1927, iliyovuta watu ilikuwa The Jazz Singer, hadithi ya mwimbaji. Kongo nayo ilipita njia hiyo. Mwaka 1987 Ngangura Mweze, mzaliwa wa Bukavu, pamoja na Mbelgiji Benoît Lamy, walitoa La Vie est belle. Papa Wemba aliigiza mtu wa kijijini anayeingia Kinshasa kutafuta maisha ya muziki. Ondoa nyimbo humo uone kitakachobaki! Hata Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi, alikuwa mwanamuziki kabla filamu yake Augure haijapata tuzo Cannes mwaka 2023.

Kinshasa ilikuwa na rumba yake. Lubumbashi ina gitaa la Jean Bosco Mwenda, aliyeimba kwa Kiswahili na kurekodiwa na Hugh Tracey mwaka 1952, na lile la Edouard Masengo. Wazee wanaojua kulipiga vile wanapungua. Basi wenye pesa ya kusaidia filamu, serikali ya jimbo ikiwa mbele, wamlipe mpiga gitaa siku ile ile wanapomlipa kameramani. Kumwambia mzee apige bure kwa sababu eti atajulikana, huo ni wizi.