Kitambulisho na Haki ya Kura

Wanafunzi wenzangu, nanyi wazee wa shule mliotutangulia, kila uchaguzi ukaribiapo hapa Kampala watu hushindana. Wengine husema mtu asipige kura mpaka athibitishe kuwa ndiye. Wengine husema raia asirudishwe nyumbani kwa ajili ya kadi au mashine. Pande zote mbili zina maana, lakini mizani hailingani.

Wa kwanza tusiwadharau. Katika kesi ya uchaguzi wa 2006, Mahakama ya Juu iliona kwamba katika baadhi ya sehemu watu walipiga kura zaidi ya mara moja, na kura za bandia zilitiwa masandukuni. Kura ya mwizi huifuta kura ya mwaminifu. Basi mashine za kusoma alama za vidole zilipoletwa katika uchaguzi wa 2016, wengi walizipokea kwa matumaini.

Lakini hukumu ile ile ilisema pia kwamba raia wengine walinyimwa kura kwa kufutwa majina yao daftarini. Kitambulisho kingewafaa nini hao? Tena, ajazaye sanduku kwa kura za bandia hapangi foleni, wala haulizwi Ndaga Muntu. Mlango wa mbele twaulinda sana, na wa nyuma u wazi.

Tarehe 15 Januari 2026 mashine zilikataa kufanya kazi katika vituo vingi. Watu walingoja saa nyingi, hata Tume ya Uchaguzi ikaagiza daftari litumike, na muda ukaongezwa kwa saa moja. Lakini mchuuzi aliyekwisha kurudi sokoni, nani alimwita? Na bibi ambaye vidole vyake vimesuguliwa na jembe miaka arobaini, je, si raia?

Katiba ya 1995, kifungu cha 59, yaiagiza Serikali ichukue kila hatua ili raia wajiandikishe na kupiga kura. Basi mzigo ni wa Serikali, si wa bibi. Shauri langu ni hili: kadi iliyopotea itolewe upya bure, daftari lenye picha liwe mezani tangu asubuhi, kando ya mashine, na majina yabandikwe kijijini mapema, watu wayasome.

Nasi tunaotimiza miaka 18, twende tukatazame majina yetu, na ya bibi zetu pia. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni.