Unga wa Mahindi Si wa Sima Tu

Sisi watu wa pwani tukihamia bara huenda na dharau zetu. Nilipokaa Kisii nilifuturu kwa mkate wa dukani, na mahindi yamejaa ua mzima. Jirani yangu, mama wa Nyamira, ndiye aliyenipa kibuyu cha amabere amaruranu, maziwa yao ya mgando. Nikayakorogea unga wa mahindi, mayai, kitunguu, pilipili mbichi na magadi kidogo, nikaoka sufuriani, makaa chini na juu. Mahindi hayaumuki kama ngano, usiyangoje. Watoto wa jirani walirudi kuomba tena.

Rafiki yangu wa Mombasa aliuliza: huu ni mkate, au sima iliyoungua? Nami namuuliza: mofa ya mtama waliyotulea nayo bibi zetu, tuliiitaje?