Mdaiwa Naye Ana Haki ya Kulindwa

Katika vituo vingi vya polisi liko jibu ambalo wadaiwa wamekwisha kulizoea: hilo ni suala la madai, nendeni mahakamani. Jibu hilo ni kweli nusu, na ile nusu iliyosahauliwa yaweza kumgharimu mtu maisha yake. Kudaiwa ni jambo la madai. Lakini kumpelekea mdaiwa vijana usiku, na kumwambia kwamba atavunjwa miguu au nyumba yake itachomwa moto, ni jinai chini ya kifungu cha 89 cha Kanuni ya Adhabu. Kosa hilo halifutwi na deni, hata deni likiwa la kweli na mdaiwa akiwa mkaidi.

Wanaoufahamu zaidi uchungu wa jambo hili ni watumishi wa umma, na hasa walimu. Mshahara wao una tarehe inayojulikana, na kwa sababu hiyo wamekuwa windo la wakopeshaji ambao wananchi wamewapachika jina la "kausha damu". Mwalimu aliyeuguliwa na mtoto huchukua laki tatu, akaacha kadi yake ya benki pamoja na namba ya siri. Mwisho wa mwezi mkopeshaji ndiye anayepokea mshahara. Siku mwalimu anapothubutu kuomba kadi mpya, vitisho huanza. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 inamtaka afanyaye biashara ya kukopesha awe na leseni; na mwezi Novemba 2024 Benki Kuu ilitangaza majina ya programu 69 za simu zilizokuwa zikikopesha bila leseni. Mkopeshaji wa namna hiyo haendi mahakamani, kwa kuwa huko ataulizwa leseni. Fimbo ndiyo hati yake ya madai.

Anayetishwa hana budi kutoa taarifa polisi na kupewa RB, akiwa ameandika tarehe, maneno aliyoambiwa na majina ya waliosikia. Kituo kikimpuuza, mlango wa hakimu uko wazi. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inampa hakimu uwezo wa kumwita mtu ambaye yaelekea atavunja amani, ajieleze kwa nini asitiwe katika dhamana ya kulinda amani kwa muda usiozidi mwaka mmoja. Si lazima damu imwagike kwanza. Ni ajabu kwamba uwezo huu, ambao ni wa zamani na hauna gharama kubwa, hautajwi hata na watu waliosoma.

Iko pia njia ya Mahakama Kuu. Ibara ya 14 ya Katiba ya 1977 inampa kila mtu haki ya kuishi na ya kuhifadhiwa maisha yake, na ibara ya 30 inamruhusu kudai haki hiyo huko. Hata hivyo hiyo ni safari ya wakili, viapo na nauli, na mwalimu wa kijijini hawezi kuianza kwa urahisi.

Wapo watakaosema kwamba wadaiwa sugu watajificha nyuma ya askari. Hofu hiyo si ya bure. Nchini India, ambako maombi ya ulinzi wa polisi hupelekwa mara nyingi Mahakama Kuu, Mahakama ya Juu ilionya mwaka 2006 kwamba maombi hayo yasigeuzwe kuwa njia ya kuamulia haki za madai. Ndivyo ipasavyo kuwa hapa pia. Dhamana ya amani haipunguzi deni hata senti moja. Mkopeshaji mwenye mkataba halali aende nao mahakamani, na akishinda, dalali wa mahakama atakaza hukumu mchana kweupe.

Kwa hiyo wakuu wa polisi wa wilaya wawaagize askari walio kaunta waandike kwanza taarifa ya kitisho, ndipo waulize habari za deni.