Vita haifuti deni la mshahara

Wafanyakazi wengi waliokimbia vita hapa Kivu ya Kaskazini wanapopiga simu kwa patroni wao wanajibiwa neno moja: «Vita imemaliza kazi yako.» Wengine hawajibiwi hata kidogo. Mlinzi, mpishi wa hoteli, dereva, mfanyakazi wa shirika: kila mmoja amebaki na miezi aliyofanya kazi bila kulipwa, na leo anakula kwa huruma ya familia iliyompokea. Mimi nasema jibu hilo ni la uongo, na kunyamaza ni kulikubali.

Sheria ya kazi ya nchi yetu ni ya tarehe 16 Oktoba 2002, ikarekebishwa 2016. Haiwahusu askari, polisi wala wafanyakazi wa serikali wenye matrikule, hao wana sheria zao. Kwa wengine, vita inaweza kusimamisha mkataba kwa muda. Kusimamisha si kufukuza.

Tuwe wa haki pia kwa patroni. Yule ambaye depo yake iliporwa naye ameumizwa, na ni vigumu kumdai mshahara wa siku ambazo hakuna aliyefanya kazi. Lakini mwezi uliofanyiwa kazi kabla ya risasi kulia ni deni. Banki za Goma zilifunga milango Januari 2025, na wengi wamefanya hilo kuwa kisingizio. Banki kufungwa kunachelewesha malipo, hakufuti deni.

Na aliyefukuzwa bila sababu inayokubalika? Kipengele cha 63 kinasema kwanza ana haki ya kurudishwa kazini. Ikishindikana, tribinali ya kazi inampangia fidia, ikiangalia aina ya kazi, miaka aliyotumika na umri wake. Fidia hiyo haiwezi kupita miezi 36 ya mshahara wake wa mwisho. Kwa aliyekuwa analipwa dola 150, mwisho wake ni dola 5.400, na tribinali inaweza kutoa chini ya hapo.

Kwa hiyo, wale mnaokubali dola mia mbili barabarani ili «mambo yaishe», fikirini kwanza. Najua njaa haingojei hakimu. Lakini patroni mwenye ofisi Beni, Butembo au Bunia anaweza kabisa kukuweka huko. Hilo liombwe kwanza, kabla ya pesa, kwa sababu pesa huisha na kazi hulisha watoto kila mwezi.

Sasa jambo linaloniuma zaidi. Kipengele cha 317 kinampa mfanyakazi mwaka mmoja tu kudai mshahara, kuanzia siku ulipopaswa kulipwa. Madai mengine mengi ya mkataba yana miaka mitatu. Mwaka huo unahesabiwa hata wewe ukiwa njiani na godoro kichwani. Simu na ujumbe wa WhatsApp hautajwi kati ya mambo yanayosimamisha hesabu hiyo. Kinachotajwa ni kama barua ya madai ambayo patroni ameipokea na kuisaini, kesi tribinalini, au malalamiko kwa inspekta wa kazi. Na kwa inspekta ndipo pa kuanzia, maana tribinali haipokei kesi ambayo haijapita kwake kwa upatanisho. Mkishindwa kupatana, hati yake ifike tribinalini kabla ya miezi 12.

Usiseme «mkataba wangu uliungua nyumbani». Mfanyakazi anaweza kuthibitisha kazi yake kwa njia zote: kadi ya kazi, picha, ujumbe wa malipo kwenye simu, wenzake waliotumika naye.

Maoni yangu ni haya. Wabunge wetu waongeze neno moja katika kipengele hicho: mwaka usihesabiwe kwa mtu aliyefukuzwa na vita kwao. Sindika nazo zifuate watu mahali walipokimbilia, zisingoje warudi. Na nyinyi maboss mliosalia na mali, lipeni miezi iliyofanyiwa kazi, hata kidogo kidogo, kwa maandishi.

Wewe unayesikiliza, hesabu leo: mshahara wako wa mwisho ulipaswa kulipwa tarehe gani? Kama mwaka haujatimia, andika barua yako wiki hii.