Wachina walijibu, tusome majibu yao

Nimefundisha fasihi sekondari kwa miaka mingi, na kuna swali ambalo hupenda kuwauliza wanafunzi wangu: Mchina wa hadithini yukoje? Majibu hufanana. Ni mjanja, msiri, hasomeki usoni, ana sharubu nyembamba na kucha ndefu. Nikiwauliza wamemwona wapi, wanakosa la kusema. Wachina wanaowafahamu ni wenye maduka wa Kariakoo na mafundi wa barabara, na hawafanani naye hata kidogo.

Mtu huyo ana aliyemtunga. Mwaka 1913 Mwingereza Arthur Ward, aliyejiita Sax Rohmer, alitoa riwaya ya kwanza ya Dk. Fu Manchu, mhalifu anayepanga kuitawala dunia huku akijificha kwenye vichochoro vya Limehouse, mashariki mwa London. Limehouse ya kweli ilikuwa na Wachina mamia machache tu, wengi wao mabaharia, wafua nguo na wenye migahawa. Lakini wasomaji walitaka kutishwa, vitabu vikanunuliwa, filamu zikafuata. Mwaka 1932 ubalozi wa China mjini Washington ulilalamika rasmi juu ya mojawapo ya filamu hizo.

Wengi husema dawa ya uongo huo ni mwandishi kwenda kuishi na watu anaowaandika. Mimi nasema hiyo peke yake haitoshi, na ushahidi wangu ni Mwingereza Edmund Backhouse. Huyu alifika Beijing mwishoni mwa karne ya 19, akakimudu Kichina kuliko wageni karibu wote wa wakati wake, akaishi huko mpaka alipofariki mwaka 1944. Mwaka 1910, pamoja na mwandishi wa habari J.O.P. Bland, alitoa kitabu juu ya Malkia Mama Cixi wa China. Nguzo ya kitabu ilikuwa shajara ya ofisa wa Kimanchu, Jingshan, ambayo Backhouse alidai kuikuta nyumbani kwa mzee huyo wakati wa ghasia zilizoukumba mji huo mwaka 1900. Mlikuwa na siri za ikulu, hasira za Malkia na suria wa mfalme akitupwa kisimani, mambo yaleyale ambayo msomaji wa London alitamani kuyasikia.

Shajara ile ilikuwa ya kughushi. Duyvendak, msomi wa Kiholanzi aliyeitafsiri upya na kuitetea, alikuja kukubali baadaye kwamba ni bandia, na mwaka 1976 mwanahistoria Hugh Trevor-Roper akayaanika maisha yote ya udanganyifu ya Backhouse. Jingshan alikuwa mtu wa kweli, ila alikufa mwaka uleule wa 1900. Hakuwapo kuikana.

Wahenga walisema msema pweke hakosi. Hapo ndipo ninapoliona kosa la waandishi wale. Mgeni kuandika juu ya wengine si dhambi. Ubaya ni kusema mahali ambapo anayesemwa hana pa kujibia.

Kwa sababu hiyo simweki mwandishi Mmarekani Pearl Buck kundi moja na hao. Alikulia Zhenjiang, mtoto wa wamisionari, Kichina kikiwa kinywani mwake tangu utotoni. Riwaya yake ya 1931, The Good Earth, ilimpa msomaji wa Marekani mkulima Wang Lung na mkewe O-lan, watu wanaolima, wanaozaa na wanaokumbwa na njaa. Wasomi wa Kichina walimkosoa, na walikuwa na haki ya kufanya hivyo. Lakini mwaka 1933 aliitafsiri riwaya kongwe ya Kichina, Shui Hu Zhuan, na alipopokea Tuzo ya Nobel mwaka 1938 hotuba yake ilihusu riwaya ya Kichina na watunzi wake. Aliwapisha wenyewe wasikike.

Na wenyewe walikuwa na la kusema. Kati ya 1924 na 1929 Lao She, kijana wa Beijing, alifundisha Kichina London, Fu Manchu akiwa mdomoni mwa watu. Akaandika riwaya ya Er Ma. Mzee Ma na mwanawe Ma Wei wanakwenda London kurithi duka la vitu vya kale la marehemu kaka wa mzee. Wanapanga kwa mjane wa Kiingereza, ambaye mwanzoni hataki kabisa kusikia habari za wapangaji Wachina. Baadaye Mzee Ma anakubali kuigiza tajiri katika filamu inayowadhalilisha watu wake. Wachina wenzake wanakasirika na duka linavunjwa. Lao She hakuwaremba watu wake: Mzee Ma ni mvivu na anapenda sifa. Ni mtu kamili, na mjane naye ni mtu kamili.

Kilichoipata riwaya yake nyingine kinaniuma hadi leo. Luotuo Xiangzi, kisa cha mvuta riksho wa Beijing, kilitoka kwa Kiingereza mwaka 1945 kikiwa kimetafsiriwa na Evan King. Katika kisa cha Lao She, msichana ambaye Xiangzi anampenda anajinyonga, na Xiangzi anaporomoka. Mtafsiri akamwacha msichana hai na kuwaunganisha, ili Wamarekani wafurahi.

Sisi tunayajua haya. Riwaya ya Mashimo ya Mfalme Sulemani ya Mwingereza Rider Haggard ilitafsiriwa kwa Kiswahili enzi za ukoloni, Mwafrika akasoma kwa lugha yake Afrika iliyobuniwa na mgeni. Tusikubali kumsoma Mchina kwa njia hiyohiyo. Mwaka 2011, TBC ilipoonyesha tamthilia ya Kichina ya Doudou na mama wakwe zake kwa sauti za Kiswahili, watazamaji waliona nyumba yenye ugomvi kama wa nyumba zetu.

Tunao vijana waliosoma Kichina Dar es Salaam, Dodoma na hukohuko China. Wengi wanaishia kukalimani mikataba na bei za bidhaa. Wachapishaji wawape riwaya, wazitafsiri moja kwa moja kutoka Kichina, na mwisho wa kisa ubaki alivyouandika mwenyewe. Nasi walimu tuwawekee wanafunzi Rohmer na Lao She meza moja, wapime. Kijana aliyemsoma Xiangzi ataingia duka la Mchina Kariakoo akiwa na ya kumuuliza kuhusu kazi, kodi na wazazi aliowaacha kwao, na atakuwa tayari kusikiliza jibu.